Kopo la Uzi Mwekundu

Simu ya mama iliingia Jumatano asubuhi, wakati Mikwaruzo amebana ncha ya mkanda wa filamu kati ya midomo yake. Usishangae. Ndivyo anavyofanya kila siku. Mkanda wa filamu una pande mbili, mmoja mtupu na mwingine wenye utando wa picha, na kwa macho si rahisi kuzitofautisha. Lakini ukiubana kwa midomo yenye unyevu, upande wa picha unanata. Ukinata tu, ujue hapo ndipo pa kukwaruza. Basi akapokea simu hivyo hivyo, na mama yake, ambaye hajawahi kukosa la kusema, akaanzia hapo.

"Unakula nini asubuhi yote hii?"

"Sili kitu, mama. Shikamoo."

"Marahaba. Toa hicho kitu mdomoni, nina neno."

Neno lenyewe lilikuwa hili. Jumatatu angelazwa kwa upasuaji wa jicho la kulia, ndilo pekee lililobaki na nuru, maana la kushoto liliingia ukungu zamani. Daktari alimwambia mambo yatakwenda vizuri, lakini alimwambia huku akimsainisha karatasi, na mama si mtoto. Karatasi husainishwa kwa ajili ya yale yasiyokwenda vizuri.

"Sasa kabla hawajaligusa jicho langu," akasema, na sauti yake ikapungua, "nataka nimwone kaka yako. Ule mkanda wa baba yako. Nakuja Jumamosi mchana na mdogo wako."

Mikwaruzo akakaa chini. Kwa miaka thelathini na saba hakuwahi kumsikia mama yake akisema "kaka yako". Hata picha ya ukutani haikuwepo, hata shati. Akajikuta anatabasamu peke yake na machozi yanamlenga.

"Njoo, mama," akasema. "Upo. Nimeutunza."

Na aliamini anachosema, masikini.

Jina hilo la Mikwaruzo hakupewa na wazazi, bila shaka. Walimpa mafundi wenzake kwenye karakana ya sare za shule, ambako ameshona kola za mashati kwa miaka ishirini na miwili, katika chumba chenye cherehani tisa na feni moja inayopepea upande wa bosi tu. Anashona vizuri, hana maneno mengi, na kucha zake siku zote zina rangi nyekundu iliyoganda, hadi wenzake humuuliza jana amechinja nini. Hajachinja kitu. Ni rangi ya nguo, na ina kisa chake.

Baba yake alikuwa mwonyesha sinema wa serikali, wale waliozunguka na gari lenye spika juu ya paa wakifundisha watu kunawa mikono, kuchimba vyoo na kupalilia kwa wakati. Kazi ilipokwisha, alirudi nyumbani na mashine moja ya kuonyeshea picha ambayo ofisi haikuitaka tena, na makopo ishirini na kitu ya mikanda. Alipofariki, mzigo ukamwangukia binti yake mkubwa. Mwingine angeyauza makopo kwa wanunuzi wa vyuma chakavu na kumshukuru Mungu. Huyu akachukua sindano.

Sindano ya cherehani, namba kumi na sita, imechomekwa kwenye ganda la kalamu. Kwa sindano hiyo anakwaruza utando, picha moja baada ya nyingine, na kila picha ni ndogo kuliko ukucha wa kidole gumba. Sekunde moja ukutani inakula picha ishirini na nne. Ishirini na nne! Wewe ungeshaacha. Yeye alitumia mwaka na nusu kwenye ule mkanda wa kunawa mikono. Bwana afya yuko kwenye karai lake, ananawa, na katikati ya vidole vyake kinachomoza kijua kilichokwaruzwa kwa sindano, kinakua, kinameza karai, kinammeza bwana afya mwenyewe. Hakuna hadithi wala muziki. Mikanda mingine anaitoboa na kuipitisha uzi kama anatarizi, mingine anaichovya kwenye rangi nyekundu. Na mingine anaifukia ardhini, pale uani chini ya bomba penye unyevu, na kuiacha wiki tatu. Udongo unakula utando taratibu, rangi za ndani zinafumuka, na ukiutoa mkanda unakuta manjano na zambarau ambazo hakuna duka linaloziuza.

Mara moja kwa mwezi hutundika shuka jeupe karakana na majirani huja. "Macho yaliniuma," mpishi mmoja alisema siku moja, "lakini kuondoka nikashindwa." Mama yake alikuja mara moja tu. Alikaa dakika tano, akainuka, akachukua mkoba wake. "Baba yako aliviacha vizima," akamwambia mlangoni, "wewe unaviua."

Neno hilo lilimchoma, na halikutoka.

Sasa sikiliza, maana hapa ndipo pa hatari. Kazi ya namna hii haina nakala. Mkanda ni huo huo mmoja, ukiharibika umeharibika, kwa hiyo alijiwekea kanuni mbili. Ya kwanza, kila kopo lifungwe uzi: mwekundu ni la kuharibu, mweupe ni usiguse. Lenye uzi mweupe lilikuwa moja tu. Kanuni ya pili, usiutazame mkanda kabla ya kuufukia. Ukiutazama utauhurumia, na ukiuhurumia mkono unakuwa mwoga. Utoe kwenye kopo, uviringe kwa kitambaa kibichi, ufukie, basi.

Kanuni nzuri zote mbili. Zikamla mwenyewe.

Saa saba mchana wa Jumatano hiyo, wenzake walipoenda kula, alirudi nyumbani mbio. Alitaka tu kulipangusa vumbi kopo la mkanda wa kaka yake. Akapiga magoti, akavuta makopo kutoka uvunguni mwa kitanda, moja moja, akiyapanga sakafuni. Uzi mwekundu. Uzi mwekundu. Uzi mwekundu. Alipofika ukutani, kopo la mwisho likiwa mkononi, hakuna lenye uzi mweupe lililokuwa limetokea.

Alianza upya, kwa utulivu wa mtu anayejidanganya. Safari hii alilitikisa kila moja. Kopo moja lilikuwa jepesi. Lilikuwa tupu, na yeye alijua kwa nini ni tupu: ndilo lililotoa mkanda alioufukia siku ishirini na tatu zilizopita. Uzi wake ulikuwa mwekundu kabisa.

Lakini fundi cherehani anajua jambo moja kuhusu uzi. Akachukua sindano, akalegeza fundo taratibu, akaufungua. Pale ambapo fundo lilikuwa limebana, ambapo rangi haikupata njia ya kuingia, uzi ulikuwa mweupe.

Mikono yake mwenyewe. Siku fulani, vidole vikiwa vimelowa rangi, alilisogeza kopo la kaka yake ili apate nafasi, na uzi ukanywa rangi. Yeye akaendelea na shughuli zake.

Aliogopa. Tuseme wazi, aliogopa mpaka masikio yakaziba. Alibaki pale sakafuni na kile kijiuzi kiganjani, akisema "hapana, hapana, hapana" kwa sauti ndogo kama mtu anayembembeleza mbwa mkali.

Maana ule haukuwa mkanda tu. Kaka yake alikufa kwa homa akiwa na miaka kumi na sita, yeye Mikwaruzo akiwa na kumi na mmoja na mdogo wao bado anabebwa mgongoni. Wiki hiyo hiyo mama naye alikuwa hospitali na homa hiyo hiyo, hajitambui. Alipozinduka, mwanawe alikuwa ameshazikwa siku nne nyuma. Aliporudi nyumbani akauliza nguo za mtoto, akaambiwa zimegawiwa, shangazi alidhani anamsaidia. Hakulia mbele ya watu. Alichofanya ni kufunga mdomo kuhusu mtoto yule, na nyumba nzima ikajifunza kuufunga pamoja naye. Kilichobaki ni dakika tatu za mkanda wa rangi, ambazo baba alizipiga kwa kamera ya ofisi miezi miwili kabla. Baba aliuficha. Karibu na kufa kwake alimkabidhi binti yake: "Mama yako akiutaka siku moja, mpe. Asipoutaka, utunze." Na wewe utauliza kwa nini Mikwaruzo hakuupeleka kunakiliwa. Alipanga. Kila mwaka alipanga. Majuto ni mjukuu, tunajua sote, na bado tunamkaribisha.

Alifukua kwa mikono. Jembe lingekata. Alipiga magoti chini ya bomba katikati ya mchana, na gauni la kazi, akaondoa udongo kidogo kidogo hadi akaona kitambaa. Hakukirudishia kile kishimo udongo, hakuwa na akili hiyo. Alikibeba kifurushi ndani kwa viganja viwili na kukiweka kwenye sinia, na hapo ujasiri ukamwisha. Alikaa akikitazama zaidi ya nusu saa. Karakana walipiga simu, hakupokea.

Mkanda umeviringwa kwenye kigurudumu chake, tabaka juu ya tabaka. Kwa hiyo udongo huanza kula nje na kuingia ndani. Mwanzo wa filamu uko nje, mwisho wake uko ndani. Mikwaruzo alijua hilo na akalishika kama mtu anayezama anavyoshika jani. Akaanza kuufungua. Mizunguko ya nje ilikuwa imekwisha. Palipokuwa na ua wa nyumba yao ya zamani, baiskeli na mtoto, palibaki maji ya rangi, manjano na kijani na madoa kama ukungu wa mkate. Akazidi kufungua. Rangi tupu. Akazidi. Utando ulikuwa laini kiasi kwamba kidole kikiugusa, picha inabaki kwenye kidole. Alitazama ncha ya kidole chake cha shahada, akaona doa la kahawia, akawaza labda hilo lilikuwa bega. Akalia kwa sauti.

Karibu na kitovu cha kigurudumu, pakavu zaidi, aliona mguu. Kisha suruali fupi. Kisha mvulana mzima, mdogo kuliko punje ya hindi, anasukuma baiskeli iliyochomoka mnyororo.

Akaacha kutazama hapo hapo. Aliogopa kuhesabu zimebaki picha ngapi.

Alhamisi alikwenda kwa Fundi Saa, rafiki yake wa miaka mingi, mzee wa kidukani ambaye huitengeneza ile mashine ya sinema kila inapougua na hulipwa kwa kupewa kiti cha mbele. Akamweleza yote. Mzee alisikiliza na ile miwani yake ya jicho moja bado imebanwa usoni, ikawa kama anamtazama kutoka ndani ya chupa.

"Matundu ya pembeni yamechanika?"

"Mengi. Mkanda wenyewe umesinyaa."

"Basi mota itauchana vipande vipande. Itabidi tuiondoe, uzungushe kwa mkono." Akafikiri. "Nina mkono wa cherehani ya zamani hapa, ule wa kuzungusha. Nitakufungia huo. Lakini sikiliza, dada. Taa ya mashine ile ni moto. Mkanda ukipita, hauungui. Ukisimama, ukahesabu moja, mbili, tatu, picha inachomeka katikati na tundu linafunguka. Nitakuwekea taa dhaifu, utapata kama hesabu nne. Usisimame."

"Sitasimama."

"Na mama yako umemwambia?"

Mikwaruzo akaanza kujikwangua rangi kwenye kucha.

"Mwambie mashine imekufa," akasema Fundi Saa kwa huruma. "Mwambie mimi nimeiua. Mimi ananichukia tayari."

Wazo hilo alilibeba nyumbani, na usidhani hakulitaka. Alilijaribu mbele ya kioo. "Mama, mashine imekufa." Ikatoka vibaya. "Mama, mashine, unajua, Fundi Saa." Vibaya zaidi. Njia ya mwongo ni fupi, lakini haikuwa hiyo iliyomzuia. Kilichomzuia ni Jumatatu. Kama jicho lile lingezimika na mama hajaona kitu kwa sababu ya uongo wake, angeishi vipi na yule mvulana wa punje ya hindi aliyekuwa hai ndani ya kopo?

Basi akashona. Ndiyo neno lake. Kila tundu lililochanika alilibandika kipande cha utepe wa gundi unaopitisha mwanga, kisha akatoboa tundu jipya kwa sindano. Matundu mia moja na kumi na sita, kwa jioni mbili. Mara tatu alitoboa pasipotakiwa. Usingizi hakupata, chakula hakikupita, na Ijumaa karakana alishona kola ya shati ndani nje, jambo ambalo wenzake watalikumbuka hadi atakapostaafu.

Jumamosi saa nane mchana mama alifika pale nyumbani, ameshikwa mkono na mdogo wa Mikwaruzo. Alikuwa amevaa gauni lake la kutokea na viatu vya kufunga. Mikwaruzo alipoviona viatu vile, moyo ulimshuka. Mama alikuwa amejipamba kwa ajili ya mtoto wake.

"Mbona umekonda hivi?" mama akamuuliza, akimpapasa shavu. "Na mikono ya baridi. Unaumwa?"

"Hapana, mama. Mama, kabla hatujaanza, kuna kitu nataka kukuambia."

"Utaniambia baadaye. Nimekaa na hofu tangu alfajiri, nikianza kuongea nitageuka nirudi nyumbani. Funga madirisha."

Hofu! Mikwaruzo alidhani ni yake peke yake. Akatundika mablanketi dirishani, akamsogezea mama kiti hatua mbili tu kutoka kwenye shuka, kwa ajili ya lile jicho. Mdogo wake akatoa simu.

"Dada, nirekodi?"

"Zima hilo litaa," mama akasema. "Nataka giza."

"Mama, tukirekodi itakuwa ni kumbu..."

"Nimesema zima."

Akazima. Mama akisema hivyo, hata wewe ungezima.

Mikwaruzo akashika mkono wa cherehani, akawasha taa na kuanza kuzungusha.

Shuka likajaa manjano. Manjano ikachanika ikawa zambarau, madoa yakatambaa kutoka pembeni, yakakutana, yakaachana. Siku nyingine angesema ni kazi bora kuliko zote alizowahi kufanya, na Mungu amsamehe, sehemu moja ndogo ya moyo wake ililiona hilo hata wakati ule. Mashine ikalia tak, tak, tak. Nusu dakika ikapita. Dakika. Mama alikuwa ameegemea mbele, uso wake wote umepakwa kijani.

"Mimi sioni kitu," akasema. "Ni jicho langu?"

Mdogo mtu akageuka kumtazama dada yake. Mikwaruzo mkono ulikuwa unazunguka na hauwezi kusimama, wala yeye hakuweza kwenda kumpigia mama magoti. Ilibidi aseme akiwa kule nyuma gizani, akizungusha.

"Si jicho lako, mama. Ni mimi. Nimekosea kopo. Uzi uliingia rangi, nikadhani ni wa kuharibu. Nikaufukia."

"Ukafanya nini?"

"Nilimfukia, mama. Kaka. Wiki tatu. Sikujua ni yeye."

Tak, tak, tak. Rangi zikaendelea kumwagika kwenye shuka. Mama hakugeuka. Mikwaruzo alisubiri lile neno, *unaviua*, alisubiri kiti kisukumwe na mkoba uchukuliwe.

"Wapi?" mama akauliza.

"Hapo uani. Chini ya bomba."

Mama akasema, si kwa hasira, ila kama mtu anayesoma kitu kilichoandikwa mbali: "Mimi hawakunisubiri. Siku nne tu. Wangenisubiri siku nne."

Na hapo hapo, katikati ya manjano, mguu ukatokea.

Mdogo mtu alipiga ukelele. Suruali fupi ikafuata, na tairi la baiskeli, na bega, lote likiwa na madoa yanayocheza kuzunguka, na mvulana akatoka kwenye zile rangi akisukuma baiskeli yenye mnyororo unaoburuta. Anacheka. Anafuta pua kwa mkono wa shati. Anakuja moja kwa moja kwa aliyeshika kamera, anazidi kuwa mkubwa, hadi uso unajaa shuka zima, na unaona jino la mbele lililovunjika kipembe.

"Simamisha," mama akasema. Alikuwa amesimama. "Simamisha hapo hapo nimwone!"

Moja.

Usisimame, Fundi Saa alisema. Mikwaruzo alihisi mkono wake umekwama wenyewe, kwa utii wa miaka arobaini na minane.

Mbili.

Kwenye shavu la mvulana, doa la kahawia likaanza kuvimba.

Basi mkono ukafanya kile ambacho mkono wa fundi cherehani hufanya bila kuuliza mtu. Kila mshono ukifika mwisho unarudi nyuma hatua chache, halafu unakwenda tena mbele, ili uzi ushike usifumuke. Akazungusha nyuma. Mvulana akarudi, anacheka, mnyororo unamfuata, hadi ukingoni mwa rangi. Akazungusha mbele. Mvulana akaja.

"Siwezi kumsimamisha, mama, ataungua," akasema huku analia. "Lakini naweza kumrudisha."

"Mrudishe."

Akaja, akaenda. Akaja, akaenda. Kila alipokuja mama alisogea kidogo, na ile picha ikaanza kumpata yeye mwenyewe, jino lile likapita juu ya paji la uso wake, mkono wa shati ukamfuta begani. Mikwaruzo alisikia viraka vyake vinaachia, kimoja baada ya kingine, tik, tik. Alijua kila mzunguko unakula. Aliogopa kuendelea na aliogopa kuacha. Mara ya saba, au ya nane, mkanda ulikatika, na shuka likabaki jeupe, na mama yupo katikati ya mwanga amenyoosha mkono.

Mkia wa mkanda ulikuwa unapiga mashine, pa, pa, pa, mpaka Mikwaruzo alipokumbuka kuacha kuzungusha.

"Umekatika," akasema. "Mama, nisamehe. Nimemmaliza."

Mama alijipangusa uso kwa kiganja. Akakaa, akafunga vizuri kamba ya kiatu kimoja iliyokuwa imelegea, akachukua muda wake.

"Lile jino," akasema. "Nililisahau kabisa. Alijigonga kwenye ngazi, nikamchapa badala ya kumpa pole." Halafu: "Na wewe na nyuzi zako. Nunua ule usioingia rangi, upo madukani. Fundi mzima." Akamnyooshea binti yake mkono. "Nipeleke uani."

Nje jua lilikuwa kali, wote watatu wakafumba macho kidogo. Kile kishimo chini ya bomba kilikuwa wazi bado, kama kilivyoachwa Jumatano, na alama za vidole pembeni. Mikwaruzo alimshika mama kiwiko, naye mama akaubana mkono ule ubavuni mwake. Kisha akainama na viatu vyake vya kutokea, polepole, akapapasa mpaka akaupata udongo, akachota konzi moja.

"Ni hapa?"

"Ni hapa, mama."

Akaudondosha ndani. Akachota mwingine akaudondosha, akasikiliza ukianguka.

"Haya," akasema. "Leo na mimi nilikuwepo."